Paka wa Lamu hawahitaji kuhamishwa, wanahitaji chanjo

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika safu yako ya barua ili nijibu pendekezo lililotolewa humu na msomaji mwenzangu wa Lamu, kwamba paka wote wa mji wa kale wanaoonekana na macho yenye tongo na pua zenye makamasi wakusanywe, wapakiwe mashuani na kuvushwa hadi bara, ili mji usafike na watoto wetu wasalimike. Sina shaka na nia yake. Nani asiyewaona, akipita asubuhi katika vichochoro vya Mkomani au Langoni, paka wachanga waliojikunyata barazani, kope zimegandana, wakipiga chafya mfululizo mpaka miguu inawatetemeka? Ila pendekezo hilo limejengwa juu ya dhana mbili zisizo sahihi: kwamba ugonjwa huo unaambukiza watu, na kwamba paka mwenye ugonjwa ni yule tu ambaye ugonjwa unaonekana usoni pake. Nimefanya kazi ya afya ya mifugo katika kaunti hii mpaka nikastaafu, na ingawa shughuli yangu kubwa ilikuwa ng'ombe, mbuzi na punda, paka nao waliletwa kwangu, wengi wakiwa ndani ya vikapu vya ukili vilivyofunikwa kanga, na malalamiko ya waliowaleta yalikuwa karibu siku zote hayo kwa hayo: mafua na macho.

Mafua ya paka si ugonjwa mmoja. Visababishi vyake ni kadhaa, lakini viwili ndivyo vinavyobeba sehemu kubwa ya mzigo, yaani kirusi cha kalisi na kirusi cha hepesi. Cha kalisi hujulikana zaidi kwa vidonda vya ulimi na kaakaa, na mara nyingine kwa kumfanya paka achechemee siku mbili tatu bila ya kuwa na jeraha lolote mguuni. Cha hepesi hushambulia pua, koo na macho, na ndicho kinacholeta chafya za mfululizo, homa, na macho mekundu yanayotiririka machozi. Juu ya hivyo huja bakteria, ikiwemo klamidia ya paka, nao hulifanya kamasi lililokuwa la majimaji kuwa zito na la rangi ya kijani. Paka mmoja anaweza kuwa navyo vyote kwa pamoja. Nitashikilia hepesi katika barua hii, kwa sababu ndicho ambacho tabia yake inalivunja kabisa pendekezo la msomaji mwenzangu.

Kirusi hiki kilitengwa maabarani kwa mara ya kwanza nchini Marekani mnamo 1958, kutoka kwa paka wachanga waliokuwa na mafua makali, na tangu hapo kimeonekana kila pembe ya dunia walipo paka. Simba na duma nao hukipata. Wataalamu wamekiweka katika jamaa moja na kirusi cha tetekuwanga cha binadamu, kwa hiyo anayetaka kukielewa hana haja ya kwenda mbali. Mtoto huugua tetekuwanga akapona, malengelenge yakakauka, na kila mtu nyumbani akaamini kwamba yamekwisha. Kumbe kirusi hakikutoka, kimejificha kwenye mizizi ya neva, na miaka mingi baadaye, mwili unapodhoofika, hujitokeza tena kwa sura ya mkanda wa jeshi. Cha paka ndivyo kinavyofanya. Mafua ya kwanza huanza kwa kawaida siku mbili hadi sita baada ya kuambukizwa, hudumu wiki mbili au tatu, kisha paka huonekana amepona. Lakini tayari kirusi kimeshapanda kwa njia ya neva za uso hadi kwenye fundo la neva hizo lililo chini ya ubongo, na humo ndimo kitakamolala kwa maisha yote ya paka huyo. Hakuna dawa inayokifikia kikiwa humo. Karibu paka wote walioambukizwa hubaki wabebaji, wengi wao wakiwa hawana dalili yoyote: wanakula, wanawinda panya, wanazaa, wanalala juu ya mikeka yetu.

Na kinachokiamsha ni nini? Ni taabu. Paka akihamishwa kutoka mahali alipopazoea, akifungiwa na paka asiowajua, akizaa na kunyonyesha, akiugua maradhi mengine, au akidungwa dawa za jamii ya steroidi, kinga yake hulegea na kirusi huteremka kwa neva zile zile hadi puani na machoni. Hakianzi kumwagika siku hiyo hiyo. Kwa kawaida hupita takriban wiki moja tangu taabu ilipompata, kisha huendelea kukitoa kwa siku kadhaa, pengine hadi wiki mbili, na katika muda huo anaweza kuwa na chafya mbili tatu tu ambazo hakuna atakayezishughulikia, au asiwe na dalili hata moja. Kwa sababu hiyo mtu huleta nyumbani paka mzima wa afya, na baada ya siku kumi paka wake wa zamani wakaanza kutokwa na machozi, asijue tatizo lilipoanzia. Anayeleta paka mgeni na amuweke katika chumba chake mwenyewe, chenye bakuli lake na mchanga wake, kwa muda wa wiki tatu hivi kabla ya kumchanganya na wengine.

Sasa tulitazame pendekezo la mashua kwa macho hayo. Tutawakamata wale wenye tongo, ambao wengi wao ni wachanga, na tutawaacha wazazi wao waliowaambukiza, kwa kuwa hao hawana kasoro ya kuonekana. Tutawatia katika magunia, watatu au wanne pamoja, pua kwa pua, na kuwapitisha juani na kwenye ngurumo ya injini mpaka Mokowe. Aliyekuwa amebeba kirusi kilicholala ataamshiwa, na aliyekuwa hana atakipata ndani ya gunia. Wakishushwa, watawapelekea paka wa bara kirusi hicho. Huku nyuma, vichwa vya samaki vitaendelea kutupwa palepale vinapotupwa siku zote, na paka wengine watakuja kuzijaza nafasi zilizoachwa, wazae, na vitoto vyao viugue. Huko ni kutwanga maji kinuni, tena kwa gharama ya mafuta ya mashua.

Kuhusu watu, jambo ni jepesi kulieleza. Hepesi ya paka haimwambukizi binadamu, wala punda, wala mbwa, wala kuku. Na hepesi yetu sisi, ile inayoleta malengelenge ya mdomoni, haina kazi kwa paka. Mtoto akishika paka mwenye mafua na baadaye akapata mafua, ameyapata kwa mtoto mwenzake. Nasema haya bila ya kuondoa wajibu wa kunawa mikono kwa sabuni kila baada ya kumshika paka mgonjwa, kwa sababu klamidia niliyoitaja imewahi, kwa nadra, kuwapata watu machoni, na kwa sababu kuna maradhi mengine ya wanyama ambayo hayana mzaha. Kichaa cha mbwa ndicho cha kuogopwa, nacho hupitia pia kwa paka. Paka akimuuma au kumparura mtu, jeraha na lioshwe kwa maji mengi na sabuni kwa muda wa dakika kumi na tano, na mtu aende hospitali siku hiyo hiyo. Tukitaka kuwahofia paka, basi tuhofu lililo la kweli.

Kirusi chenyewe si hodari kikiwa nje ya mwili. Kimevikwa utando wa mafuta ambao sabuni huuvunja, na mahali penye unyevu hakidumu zaidi ya saa kumi na nane hivi. Pakavu huwahi kufa kabla ya hapo. Hakisafiri kwa upepo kutoka mtaa hadi mtaa. Chafya hukirusha mita moja au zaidi kidogo, na kwa hiyo maambukizi mengi hutokea paka wanapokaribiana sana. Mtu yeyote anayetaka kuona inavyokuwa, na asimame ufuoni wakati wavuvi wanapopasua samaki. Matumbo ya changu na kibua hutupwa katika rundo moja, paka kumi na zaidi hujazana juu yake vichwa vikigusana, mmoja hupiga chafya katikati, na kamasi humrukia aliye mbele yake usoni. Hakuna anayeinua kichwa. Wavuvi wetu hawana kosa lolote, na paka hao wamekuwa wakifanya kazi ya kusafisha ufuo tangu zama za mababu. Lakini kama matumbo yale yangetupwa katika marundo manne au matano yaliyoachana hatua kadhaa, badala ya rundo moja, msongamano ungepungua bila ya shilingi moja kutumika.

Hali kadhalika bakuli za maji. Tumelelewa na mafundisho kwamba paka si najisi, kwamba ni miongoni mwa wanaotuzunguka majumbani mwetu, na nyumba nyingi za mji wa kale huweka bakuli mlangoni ili wapitao wanywe. Desturi hii ni njema na sitaki ipungue. Naomba tu kwamba bakuli lisiwe lile lile lenye ukoko wa jana: lisuguliwe kila siku kwa sabuni, lianikwe juani, na inapowezekana yawe mawili, mbali mbali. Penye paka mgonjwa, jiki iliyochanganywa na maji, sehemu moja kwa takriban thelathini, inatosha kusafisha sakafu na vyombo, mradi visuuzwe baadaye. Zile dawa za kuua vijidudu ambazo hugeuka nyeupe zikitiwa majini zisitumiwe mahali paka anapolala au kula. Ini la paka halina uwezo wa kuzivunja sumu zake kama letu, naye hujilamba miguu kutwa nzima.

Wanaoumia zaidi ni wachanga. Mama mbebaji anapozaa, taabu ya kunyonyesha hukiamsha kirusi chake mwenyewe, na watoto wake hulindwa kwa muda na kinga waliyoipata katika maziwa ya mwanzo. Kinga hiyo hupungua siku hadi siku, na wengi huwa wameishiwa wanapofika umri wa wiki nane hivi, wengine mapema zaidi. Hapo ndipo tunapowaona wamejaa vichochoroni. Kuna hata wanaoambukizwa kabla macho hayajafumbuka, yaani katika siku kumi na nne za kwanza, usaha ukajikusanya nyuma ya kope zilizofungana na jicho likavimba mfano wa jipu. Mwenye kuona uvimbe wa namna hiyo asingoje macho yafumbuke yenyewe, bali amkimbize kwa daktari wa mifugo siku hiyo, kwa sababu usaha ukikaa humo, jicho hupotea.

Kwa wale wakubwa kidogo, kinacholiharibu jicho ni kidonda cha konea, kile kioo cha mbele cha jicho. Hepesi ina alama yake humo: hutafuna konea kwa mistari myembamba yenye matawi, na daktari akidondosha rangi ya fluoresini na kumulika kwa taa ya buluu, mistari hiyo hung'aa kijani. Kidonda kikiachwa, ngozi laini ya ndani ya kope huweza kujishikiza juu ya konea na kuota hapo, na huo ndio utando mweupe au wa waridi tunaouona kwa paka wengi wa mji ambao watu husema wamezaliwa nao. Hawakuzaliwa nao. Ni kovu la mafua ya uchangani. Kipo pia kile kidoa cheusi kinachotokea katikati ya jicho la paka mzima baada ya kuugua mara nyingi, ambacho ni sehemu ya konea iliyokufa, na mara nyingi huhitaji kuondolewa kwa upasuaji. Kipimo cha vinasaba cha kukitafuta kirusi kipo katika maabara kubwa, lakini siwashauri wenye paka mmoja nyumbani wakihangaikie, kwa kuwa paka mzima wa afya aliye mbebaji anaweza kuonekana nacho, na aliye mgonjwa kweli asionekane nacho siku hiyo.

Matibabu ya nyumbani yana maana kubwa kuliko watu wanavyodhani, na naomba Mhariri aniruhusu nikawie hapa. Binti wa jirani yangu aliniletea paka mdogo wa mistari, wa umri wa kama wiki saba, amemzungushia leso, macho yote mawili hayafunguki na pua imezibwa na ukoko wa kahawia. Tulichemsha maji yenye chumvi kidogo, tukayaacha mpaka yakawa vuguvugu, tukachovya pamba na kuiweka juu ya jicho bila ya kusugua, tukangoja. Ukoko ulilainika polepole; tukaupangusa kutoka pembe ya ndani kuelekea nje, pamba mpya kwa kila jicho, na kope zilipoachana ukatoka usaha wa manjano ambao binti alidhani ni jicho lenyewe linamwagika. Jicho lilikuwa lipo, jekundu, limevimba, lakini limo. Tukasafisha na pua. Kisha akapasha moto kipande cha kibua, akakikanda kwa mchuzi wake mwembamba usio na chumvi wala pilipili, akakipeleka mbele ya pua ile iliyofunguka sasa hivi, na yule aliyekataa chakula tangu jana akaanza kulamba kidole chake.

Nimelieleza hilo kwa urefu kwa sababu paka hula kwa pua. Asiyesikia harufu hali, na paka asiyekula siku mbili au tatu huingia katika hatari nyingine, hasa akiwa mnene, kwani mafuta ya mwili hukimbilia kwenye ini na kulijaza. Chakula chenye harufu kali, kilichopashwa moto kidogo, ni nusu ya dawa. Mvuke nao unasaidia: mweke paka bafuni, mwaga maji ya moto ndooni mbali na anapofikia, funga mlango kwa dakika kumi au kumi na tano, na kamasi litalegea. Wala usitie kitu chochote katika maji hayo. Mafuta ya mikaratusi, mafuta ya karafuu na zile marhamu za kupaka kifuani ambazo sisi tukinusa tunapata nafuu ni sumu kwa paka. Udi na ubani hatutaacha kuvifukiza, hiyo ni Lamu, lakini paka mwenye mafua na awe chumba kingine chetezo kinapowashwa.

Dawa za madukani ndizo zinazonitia hofu zaidi. Nimeona paka waliokufa kwa parasetamoli, si kwa mafua. Mwenye paka aliona homa akampa robo ya kidonge, na robo hiyo inatosha kumuua, kwa kuwa huiharibu damu isiweze kubeba hewa, ufizi ukageuka rangi ya matope na uso ukavimba. Hakuna kipimo salama cha parasetamoli kwa paka. Baada ya hiyo zinakuja dawa za matone za macho zenye steroidi, kama deksamethasoni au prednisoloni, ambazo mtu huzikuta zimebaki kabatini tangu alipotibiwa yeye mwenyewe. Wekundu wa jicho huondoka kwa siku mbili, mwenyewe akafurahi, na kumbe kinga ya jicho imezimwa na kirusi kinatafuna konea bila ya upinzani, mpaka siku jicho linapotoboka. Marhamu ya tetrasaiklini haina ubaya huo. Haiui kirusi, lakini huwazuia bakteria na klamidia, na madaktari wengi huianzia hiyo.

Zipo dawa zinazokipiga kirusi chenyewe. Famsiklovia, ambayo ilitengenezwa kwa ajili ya hepesi ya watu, hutumika kwa paka kwa njia ya mdomo na huwafaa, na kuna matone ya sidofovia na ya trifluridini ya kutia jichoni. Bei yake si ya kila mtu, na hazimalizi kirusi kilicholala. Hupunguza tu makali ya mlipuko uliopo. Lakini mtu asione kwamba kwa kuwa famsiklovia inafaa basi dada zake zote zinafaa. Asiklovia ya vidonge haina nguvu ya maana kwa hepesi ya paka, na valasiklovia huwaua, kwa kuharibu figo, ini na uboho. Wenye maduka ya dawa watanisaidia sana wakikumbuka jambo hili mtu anapoingia kuuliza dawa ya hepesi bila ya kusema ni ya nani. Doksisaiklini ambayo daktari huiandika kwa ajili ya bakteria ni nzuri, ila kidonge chake kikinata kooni huunguza, kwa hiyo kifuatishwe kila mara na maji kidogo ya sirinji au tonge la chakula. Na ile laisini inayouzwa kama kirutubisho cha kuzuia hepesi, pesa zake afadhali zinunuliwe samaki. Uchambuzi wa tafiti zilizokuwepo, uliochapishwa mwaka 2015, haukuona ushahidi kwamba inazuia wala kutibu.

Baadhi ya paka hawatapona kikamilifu hata wakitunzwa vipi. Mafua makali ya uchangani hula vile vijifupa vyembamba vya ndani ya pua, na paka huyo atapiga chafya na kukoroma maisha yake yote kila hali ya hewa inapobadilika. Hilo ni kovu, na halimaanishi kwamba kila siku anamwaga kirusi. Paka aliyepoteza jicho moja huwinda, huruka ukuta na huzeeka; sioni sababu ya kumvusha bahari.

Ninachopendekeza mahali pa mashua ni chanjo. Chanjo ya paka ya magonjwa matatu, yaani hepesi, kalisi na panleukopenia ambayo ni ya kuhara na kutapika na huua kuliko zote, ipo kwa miaka mingi na si kitu kigeni kwa madaktari wa Kenya. Hupewa kuanzia wiki nane au tisa, wakati kinga ya mama inapokwisha, hurudiwa kila baada ya wiki tatu au nne mpaka paka atimize wiki kumi na sita, kisha tena anapofikia mwaka mmoja, na baada ya hapo kila mwaka kwa wanaozurura na kila miaka mitatu kwa wanaokaa ndani. Nisiwadanganye wasomaji: kwa upande wa hepesi, chanjo hii haizuii maambukizi kwa asilimia mia, wala haikitoi kirusi kwa aliyekwisha kukibeba. Inachofanya ni kuugeuza ugonjwa wa kupofusha kuwa mafua ya siku chache, na kupunguza kirusi kinachomwagwa. Kwa mji ambao paka wengi hukutana nacho wangali wachanga, hilo si dogo.

Najua jibu litakalokuja, kwamba paka wa mtaani hawezi kuletwa mara nne. Kweli. Lakini kila baada ya muda hufika watu wa kuhasi paka, wakakodi nyumba, wakafanya upasuaji kwa siku kadhaa na kuondoka, na paka akiwa amelala kwa dawa ya usingizi sindano moja zaidi haiongezi kazi. Chanjo moja kwa paka mwenye umri wa kutosha ni bora kuliko kukosa kabisa. Paka aliyehasiwa hana mimba wala kunyonyesha, nazo ni miongoni mwa taabu zinazokiamsha kirusi. Na hapigani sana. Itabidi tu vizimba visibanwe pamoja, vifunikwe kwa kitambaa, paka asikae humo zaidi ya inavyohitajika, na wenye chafya wapasuliwe mwisho wa siku. Kaunti nayo inapotoa chanjo ya kichaa cha mbwa, ugonjwa ambao taifa limejiwekea lengo la kuutokomeza kwa wanadamu ifikapo 2030, meza ile ile na daftari lile lile vinaweza kuhudumia chanjo ya pili. Punda wa Lamu wana hospitali yao ufuoni tangu miaka ya 1980, na hakuna leo anayesema ilikuwa anasa.

Kikwazo halisi ni baridi. Chanjo hizi huhifadhiwa kati ya nyuzi 2 na 8 za Selsiasi, huvuka maji kutoka Mokowe katika kisanduku cha barafu, na kila kichupa ni cha paka mmoja, ambacho kikishachanganywa lazima kitumike papo hapo. Akiba kubwa isiyo na hesabu itaharibika. Kwa hiyo nawaomba wakuu wa mitaa ya Mkomani na Langoni, pamoja na wazee wa Shela, waanze na kitu kisichohitaji bajeti: kila nyumba iandikishe paka wake na wale inaowalisha mlangoni, umri wao kwa kukisia, wazima na wagonjwa, na waliohasiwa na wasiohasiwa. Daktari akiwa na orodha hiyo mkononi ataagiza vichupa kwa hesabu, na mimi niko tayari kuzunguka na daftari katika mtaa wangu kuanzia wiki ijayo.

Wako mtiifu,

Afisa mstaafu wa afya ya mifugo,
Langoni, Lamu